Tulivyomfuata Fiston Kisiwani

Swali mnaloniuliza hapo ukumbini kwa walimu ni moja, mnalizungushazungusha tu: je, tulimpata Fiston? Tulimpata. Nimechoka kulijibu vipandevipande kwenye foleni ya chai, na kila mnapolipeleka kwa wengine mnatia chumvi yenu. Kwa hiyo naandika mara moja, msome, kisha mniache.

Habari za vibali na barua za kumruhusu Mama Fiston kutoka kambi ya wakimbizi sitaziandika. Wanaozijua wanazijua, na wasiozijua wamshukuru Mungu.

Sokoni, kabla hatujaondoka

Solange mnamjua, yule wa Kidato cha Tatu anayekaa dirishani na kuandika kwa mkono wa kushoto. Fiston ni kaka yake. Naye nilimfundisha, kisha akaacha shule akaenda Kalokol, kwenye Ziwa Turkana, kutafuta kazi ya uvuvi, maana watu wao wametoka Fizi, Kongo, kando ya Ziwa Tanganyika, na kijana alisema hawezi kuzeekea kwenye vumbi akisubiri mgao. Miezi mitatu alipiga simu kila Jumapili. Kisha simu ikazimika. Ikapita mitano mingine bila neno.

Siku ile nilikuwa sokoni Kakuma nikinunua samaki wakavu kwa Amoni, yule mama wa Kiturkana anayeleta mzigo kutoka ziwani. Mama Fiston alikuwa hapo na beseni lake la mandazi. Kinu cha posho kilikuwa kinanguruma nyuma yetu. Amoni akamtazama, akamwuliza kama yeye ndiye mama wa Mkongo aliyekuwa akivua Kalokol. Alipokubali, Amoni akafunga mfuko wa samaki polepole, akasema:

"Mama, ya kijana ya Kongo iko kwa kisiwa. Watu ya boti wamesema wewe uambiwe."

Mama Fiston hakumwelewa vizuri, kwa sababu ya kinu na kwa sababu Kiswahili cha Kongo na cha Turkana husalimiana kwa mbali. Akanigeukia mimi. Na mimi, mnanijua, mtoto wa Malindi, kila siku nawapigia watu kelele kuhusu upatanisho wa kisarufi. Nilisikia makosa matatu katika sentensi moja. Nikayasahihisha kichwani kama ninavyosahihisha madaftari, nikampa iliyo safi.

"Anasema kijana wako yuko kisiwani. Wavuvi wamemtuma akuambie."

Mama Fiston alipiga vigelegele mpaka mwenye kinu akazima mtambo. Akamkumbatia Amoni, akamjaza mandazi mikononi. Amoni akasimama ameduwaa, akanitazama, akamtazama yeye, akasema kitu kwa Kiturkana, akaondoka bila kuchukua pesa ya samaki wangu. Nikajisemea kwamba mama wa watu ameguswa.

Maelezo mengine nilijitungia mwenyewe, na nilikuwa hodari. Wavuvi hupiga kambi kisiwa cha katikati ya ziwa kwa wiki kadhaa. Huko mtandao haushiki. Simu imeanguka majini, kijana anaona haya kurudi mikono mitupu. Nilimweleza Mama Fiston yote hayo kana kwamba nimeandikiwa barua. Namna rahisi ya kufika kisiwani ni kujiunga na safari ya watalii ya siku moja, ile ya kuonyeshwa mazingira na utamaduni. Iliyokuwa na nafasi mbili ilikuwa wiki tatu mbele. Katika wiki hizo tatu mtaa wao wote wa kambini ulijua kwamba Fiston anarudi.

Kakuma hadi Lodwar

Tuliondoka mchana kwa gari la Proboksi. Mama Fiston alivaa kitenge kipya, akapakata mkoba wenye suruali na shati la mwanawe, na bakuli la plastiki la sombe, majani ya muhogo aliyoyapika usiku kucha kwa mawese. Alisema kijana amekula samaki miezi minane na lazima tumbo lake limesahau mboga.

Tulipata pancha mara mbili. Mara ya pili hatukuwa na tairi la akiba, kwa hiyo tulikaa chini ya mgunga usio na kivuli cha maana tukisubiri dereva arudi na bodaboda. Wachungaji wawili walikuja, wakatusalimu "ejok", wakaketi nasi bila kuuliza kitu. Mama Fiston akawaeleza habari nzima ya mwanawe. Sidhani walielewa hata robo, lakini waliitikia mahali panapofaa.

Nilikuwa na furaha, nikiri hilo. Nilijiona mtu wa maana. Ualimu wa huku humfanya mtu ajione anafukuza upepo, na hapa kulikuwa na jambo moja ambalo Kiswahili changu kilikuwa kimelitengeneza.

Lodwar tuliingia jua limeshuka. Mwenye nyumba ya wageni alikubali kuweka sombe kwenye friji yake, baada ya kuuliza kwa adabu kama hicho ni chakula cha watu. Friji yenyewe ilikuwa kabati tu, haikuwa na umeme. Hilo tuliligundua asubuhi.

Lodwar hadi Kalokol

Kiongozi wetu aliitwa Ewoi, kijana wa Lodwar mwenye kofia pana na sauti ya kutangaza. Alisema tuwe tayari saa kumi na moja alfajiri. Tuliondoka saa moja na nusu, kwa sababu wageni wenzetu, mume na mke kutoka Nairobi, walikuwa wakitafuta betri ya kamera. Walikuwa watu wazuri. Nasema hivyo mapema kwa sababu ya kitakachokuja.

Ewoi sikumwambia tunakwenda kufanya nini. Niliogopa atasema safari ya watalii si ya kutafuta ndugu, atukatae. Kama ningemwambia, angeuliza maswali, na pengine mambo yangekuwa mengine. Sikumwambia.

Karibu na Kalokol gari lilisimama kwenye yale mawe yaliyosimama wima kando ya barabara. Ewoi akatangaza: hapo zamani watu walikuwa wakicheza ngoma, akaja mgeni wa ajabu, wakamcheka, wakageuka mawe. Anayepita huokota kijiwe, akakiweka juu yao, na safari yake huwa njema. Mume na mke waliweka vyao wakacheka, wakakumbuka kwamba haifai kucheka, wakacheka zaidi. Mama Fiston alikataa. Alisema yeye ameokoka, hana habari na mawe. Ewoi akamwambia ni salamu tu, si ibada. Akakataa tena, kwa upole, akarudi garini kuangalia kama bakuli limevuja.

Kalokol tulipewa chai, chapati na samaki wa kukaanga, kisha ikaja sehemu ya utamaduni. Wanawake kama kumi wenye shanga shingoni waliimba na kurukaruka mbele yetu. Mama Fiston alitazama kidogo, akaniachia mkoba wake, akaingia katikati. Hakujua hata hatua moja. Aliruka kwa namna ya kwao, mikono juu, kitenge kikimfunguka, na wale wanawake walimpenda mara moja, wakamzunguka. Mke wa Nairobi alimpiga picha. Mmoja wa wanawake aliniuliza mama huyu ana sherehe gani. Nikamwambia anamfuata mwanawe.

Majini

Nahodha wetu, Lokaale, alikuwa mzee mwembamba wa maneno machache. Wakati Ewoi anagawa majaketi ya kuokolea, nilimwendea nikamwuliza kama anajua habari za kijana Mkongo, Fiston.

"Ya kijana ya Kongo? Iko," akasema. "Iko karibu na pale tunashukia. Nitaonyesha nyinyi."

Nikamgeukia Mama Fiston nikamwambia: unaona? Hata huyu anasema yuko. Mara ya pili, ndugu zangu. Nilipewa nafasi ya pili, mtu amesimama mbele yangu, hakuna kinu, hakuna kelele yoyote ila upepo mdogo, na nikaisahihisha tena.

Mama Fiston aliimba njia nzima, nyimbo za kanisa lao, bila kupumzika. Alichovya kidole ziwani akaonja, akatema. "Maji ya huku iko na chumvi," akaniambia. "Yetu ni tamu. Fiston alikuwa anakunywa tu hivi, na mukono." Alitaka kujua kama mwanawe atakuwa amekonda. Nikasema wavuvi hawakondi. Lokaale alikuwa ameshika usukani wa mashine, akitutazama. Nafikiri alikuwa akijaribu kuelewa watu wa Kongo huomboleza namna gani.

Kisiwani

Kisiwa ni cheusi. Mchanga mweusi, mawe meusi yaliyotoboka kama sponji, na harufu ya kiberiti inayotoka ardhini. Ewoi akaanza kutangaza kabla mguu haujagusa nchi: volkeno, maziwa matatu ndani ya kisiwa, mamba, ndege. Lokaale akamkatiza kwa Kiturkana. Ewoi akavua kofia, akanitazama kwa mshangao, kisha akaivaa tena.

Lokaale akatangulia. Mama Fiston alimfuata karibu anakimbia, bakuli kifuani, akiita jina. Nyuma yake mimi, kisha mume na mke. Tulipita kambi ya wavuvi, vibanda viwili vya matawi, havina mtu. Mama Fiston alichungulia vyote viwili. Mbele kidogo, mahali pa juu mbali na maji, palikuwa na rundo la mawe meusi, refu kiasi cha mtu, limepangwa vizuri.

"Ndiyo hii," Lokaale akasema.

Mume na mke walidhani ni sehemu nyingine ya utamaduni. Mke aliokota kijiwe, akakiweka juu ya rundo kwa makini, kama alivyofundishwa asubuhi, akamtabasamia Mama Fiston na kumpa kingine aweke. Mama Fiston alikipokea kwa heshima, kwa sababu ni mtu wa heshima. Akakishika. Akamwuliza Lokaale:

"Sawa, baba. Sasa Fiston iko wapi?"

Lokaale alinitazama mimi, mwalimu, mwenye kazi ya kueleza. Na hapo ndipo nilipoisikia sentensi ya Amoni kama alivyoisema. Ya kijana. Ya. Kila siku nawauliza wanafunzi: ya nini? A-unganifu haielei hewani, ina nomino yake. Kaburi ya kijana iko kwa kisiwa. Hakukosea kitu ila "la" na "liko". Neno lenyewe alilimeza kwa adabu, kwa kuwa huwezi kumtupia mama neno kaburi sokoni, mbele ya mandazi yake. Aliacha pengo ili mama alijaze mwenyewe taratibu. Mimi nililijaza kwa mtu mzima aliye hai.

Sikulazimika kusema. Mama Fiston alinitazama usoni, akaona. Akaketi pale pale kwenye mchanga.

Lokaale ndiye aliyesimulia, na Ewoi akamsaidia kwa Kiswahili, sauti yake ya kutangaza imeisha kabisa. Mtumbwi ulipinduliwa na upepo, wavuvi wanne. Watatu walishika mtumbwi. Fiston aliogelea vizuri kuliko wote, kwa hiyo aliuacha ili afuate nyavu. Walimkuta siku ya pili ufukweni hapa. Hakuwa mwili wa kubebwa tena. Wakamfunika mawe mengi, kwa sababu ya mamba. Simu yake iliondoka na maji na jina la mama yake hakuna aliyelijua, wala mtaa. Walijua tu Kakuma, Kongo. Wakamwambia Amoni aulize. Amoni aliuliza miezi mitano.

Mume wa Nairobi alimnong'oneza Ewoi kitu, na baada ya muda wote watatu wakapanda mlimani kuona hao ndege. Sikuwalaumu na sasa pia siwalaumu. Mke aligeuka nyuma mara nyingi. Baadaye, garini, alifuta zile picha za ngoma, na kwa kuwa hakujua nani amwombe msamaha, aliniomba mimi.

Tulibaki watatu. Mama Fiston aliuliza kichwa kiko upande gani. Lokaale akamwonyesha. Akahamia upande huo. Alifungua bakuli, sombe ilikuwa imechacha, povu limepanda. Akashuka nayo ziwani. Lokaale alimfuata mbio na kasia, akasimama kati yake na maji, kwa sababu ya macho mawili yaliyokuwa yakielea hatua chache tu kutoka hapo. Mama Fiston akamwaga mboga, akaliosha bakuli, akalisugua kwa mchanga mpaka likang'aa, akarudi kuketi. Hakulia. Nilimngojea alie na hakulia, na nilikuwa naogopa zaidi kila dakika.

Nikapiga magoti nikamweleza. Nilimwambia Amoni alisema nini, na mimi nilisema nini, na tofauti ilikuwa herufi mbili. Nilitaka alijue kosa ni la nani. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Mwalimu," akasema, "mimi nilikuwa nishamulilia. Ile miezi yote ya kunyamaza, nililia yote. Nikamaliza. Nguo yake nilishagawa, hii ni ya kununua mupya. Weye njo ulimufufua."

Hakusema kwa hasira. Ningelipenda iwe hasira. Nilimwambia nisamehe, akasema hapana maneno. Sikujua kwa Kiswahili cha Kongo hiyo maana yake ni nimekusamehe, au ni nyamaza. Sikuthubutu kumtafsiri tena.

Kurudi

Upepo ulikataa. Ewoi alisema utalala saa saba, ukalala saa kumi. Saa hizo zote tulikaa pale, watu sita, kwenye vibanda vya wavuvi. Lokaale alichoma samaki akamletea Mama Fiston kwanza, kwenye kipande cha ubao. Alikula. Alimmaliza mzima, akanyonya mifupa, akaniambia ni samaki mzuri lakini wa kwao ana mafuta zaidi.

Kabla ya kupanda mashua alipanga upya mawe machache upande wa kichwa. Suruali na shati alimpa Lokaale, awape wale vijana watatu waliopona. Lokaale alizipokea nguo kwa mikono miwili. Akasema neno refu kwa Kiturkana, Ewoi akafungua mdomo kulifasiri, kisha akaliacha. Mama Fiston alimwambia nahodha asante, nimesikia.

Kalokol wale wanawake wa ngoma walikuwa bado wameketi. Walipotuona tunashuka bila mtu walijua, sijui walijuaje, wakasimama. Hapakuwa na wimbo. Mmoja alimfunga Mama Fiston kitenge vizuri, kilikuwa kimelegea, na tukaenda. Tulipofika Lodwar, Ewoi alitoa daftari lake la maoni ya wageni. Kwa mazoea alilinyoosha kwa Mama Fiston, kisha akalirudisha kifuani, akalikumbatia.

Kesho yake njia ya kurudi Kakuma haikuwa na pancha hata moja. Tulifika kabla ya saa sita. Nilikuwa nimepanga tuingie kimya, lakini dereva alikuwa amesimama langoni kununua soda, na watoto walituona.

Walikuwa wamefunga vitambaa kwenye ua. Kwaya ya kanisa lao ilikuwa imepangwa mistari miwili, ngoma mbele, na masufuria ya wali yalikuwa yametolewa nje. Waliposikia mlango wa gari wakaanza kuimba. Mama Fiston alishuka, akawapita katikati, akiwa na bakuli lake, akaingia nyumbani, akafunga mlango. Wimbo ukaendelea kidogo, kwa wale wa nyuma, kisha nao wakaacha.

Wote wakanitazama mimi. Mchungaji wao alifungua mlango wa nyuma wa gari, akachungulia, akaufunga polepole. Solange ndiye aliyekuja mpaka niliposimama. Alikuwa amevaa sare ya shule siku isiyo ya shule, nadhani ndiyo nguo yake nzuri. Nikamwambia kaka yako amekufa, amekufa miezi mitano iliyopita, tumeliona kaburi lake. Nilisema polepole, kila neno mahali pake, ili asikose kunielewa.

Alinielewa. Akanitazama kama anavyonitazama darasani nikiandika ubaoni kitu kisichokubaliana na cha jana.

"Lakini Mwalimu," akasema, "si ni wewe ulisema yuko?"

Nikamwambia ndiyo, ni mimi.